Yamini ya Bohari ya Magunia

Shangazi yangu, Barke binti Idarus, hakuzungumza mambo makubwa akiwa amekaa. Hata tukiwa wawili tu ukumbini, akishafika kwenye haki ya mfanyakazi atainuka, ajifunge leso kiunoni, asimame kama mtu anayengoja kuitwa mbele. Jambo moja tu alinisimulia akiwa ameketi, mgongo ukutani na macho kwenye mkeka. Ilikuwa Desemba ya mwaka 1963, baada ya sala ya alasiri, siku chache kabla ya Uhuru. Nilikuwa nimerudi likizo kutoka chuo kikuu. Mengine niliyaona mwenyewe siku zilizofuata.

Babu yangu, Maalim Idarus, alisomesha chuo cha Kurani hapo Changamwe tangu matangi ya mafuta hayajajengwa. Barke alihitimu msahafu akiwa na miaka tisa, kisha akaingia katika vitabu vya babake vya fiqhi, yaani sheria za dini, kwa sababu hakuna aliyemkataza. Aliolewa, akafiwa na mume kabla hajapata mtoto. Mwaka 1956 aliingia bohari ya magunia kushona, na mtaa mzima ukasema binti wa Maalim kapata wazimu.

Magunia yaliletwa kwa malori, yamechanika, yamebeba kila aina ya vumbi: la kahawa, la mchele, la saruji. Wanawake walikaa chini kwa safu wakiyashona kwa shazia, ile sindano nene iliyopinda ncha, na uzi wa katani. Walijifunga leso mdomoni, na bado walikohoa. Mfereji ulikuwa mmoja, umefungwa kwa kufuli, na ufunguo ulikaa mfukoni mwa nyapara. Mwanamke akizaa, nafasi yake ilipewa mwingine siku ileile.

Karani mmoja wa reli, Kefa, mtu wa kutoka bara na mwanachama wa chama cha wafanyakazi, ndiye aliyeanza kumwazima Barke magazeti na vijitabu. Humo alikuta habari za ujamaa, za nchi ambazo wafanyakazi walisimama pamoja, na za watu waliokataa vita. Akawa anawasomea wenzake mchana, wakila muhogo. Baadhi walisinzia. Dhahabu hakusinzia hata siku moja.

Dhahabu alikuwa mzaliwa wa Bofu, ng'ambo ya feri, Likoni. Alikuja Changamwe akimfuata mume mwashi, na mwashi akaenda zake akamwachia watoto wawili wa kike. Hakujua kusoma, lakini akisikia jambo mara moja alilishika lote.

"Dada Barke, rudia pale pa mwenye mkono na mwenye mtambo," alikuwa akisema.

"Si umeshapahifadhi?"

"Nimepahifadhi, lakini kwako patamu zaidi. Mimi nikisema, hawa waniona kama nauza mbaazi."

Mwezi wa Julai 1959, Margaret, Mtaita, alirudi kazini siku kumi baada ya kujifungua, mtoto mgongoni. Nyapara akamwambia nafasi yake imeshachukuliwa. Barke alichomeka shazia katika gunia akasimama. Dhahabu akasimama. Kisha safu nzima ikainuka, wanawake thelathini na wawili pamoja na Margaret, wakatoka nje ya lango na kukaa kwenye mchanga.

Siku ya pili wengine wakaanza kuangaliana. Mmoja alisema mumewe hataki, mwingine kwamba mama mkwe ana homa. Barke akaona safu inalegea, akawaita wote nyumbani, uani kwa babu, akautoa msahafu wa babake.

Ukweli ni kwamba hakuna kijitabu cha Kefa kilichomfundisha hilo. Lilitoka kwake mwenyewe, binti wa Maalim. Wakristo wachache walishika kitabu chao. Wenye udhu waliushika msahafu, na waliokuwa katika siku zao walisimama kando wakaapa kwa ulimi. Maneno ya yamini hiyo, yaani kiapo, yalikuwa mamoja: Wallahi, siingii lango lile mpaka tuingie sote.

Mueni alikataa. Huyo alikuwa Mkamba, mpole, mwenye mikono myepesi kuliko wote.

"Mimi kiapo sitakula, Bi Barke. Kugoma nitagoma."

"Waogopa?"

"Naogopa, ndiyo. Ndugu yangu yuko kizuizini kwa sababu ya kiapo cha msituni. Askari wakisikia neno hilo hawaulizi ni cha nini."

"Hiki ni cha haki."

"Hata kile waliambiwa hivyohivyo."

Wanawake waliguna. Mmoja akasema, "Mwacheni. Kesho mtamwona yu ndani anashona peke yake, na mfereji wote wake." Wakacheka. Barke naye alicheka, na aliponisimulia alitaja kicheko hicho mara mbili.

Mueni alikaa nje ya lango siku zote ishirini na tatu za mgomo. Hakukosa hata moja.

Mwishowe Kefa alileta habari kutoka mjini. Mwenye bohari amekubali mfereji uwe wazi na atajenga kibanda cha kivuli. Mwanamke atakayezaa kuanzia sasa atangojwa miezi miwili. Ila Barke hatarudi, kwa sababu ni mchochezi, na Margaret hatarudi, kwa sababu mwenye mali hakutaka kuonekana ameshindwa. Viongozi wa chama mjini walishakubali.

Margaret mwenyewe ndiye aliyesema, "Rudini. Kwetu kuna shamba, na mtoto huyu anataka baridi ya milimani. Mmenipigania mkashinda kwa wenzangu wote wanaokuja. Mimi nimeridhika." Kesho yake alipanda gari la moshi kwenda Voi.

Jumatatu asubuhi Barke alisimama ng'ambo ya barabara kutazama. Aliwaona wakiingia langoni mmoja mmoja, vichwa chini. Alihesabu moyoni: huyu aliushika msahafu kwa mikono miwili, yule alilia alipokuwa akiapa, na yule ndiye aliyesema Mueni ataingia peke yake. Wote hao wakaingia. Alisema hakuwahi kuwadharau watu kama alivyowadharau asubuhi ile.

Dhahabu hakuingia. Alivuka barabara akamjia.

"Dada, wote wameingia."

"Nimeona."

"Nami niingie? Watoto jana wamelala na uji wa chumvi." Akageuka kulitazama lango. "Ila tumekula yamini mpaka tuingie sote. Wewe hukuingia, Margaret hakuingia. Yamini yangu yawaje?"

Hapa shangazi akaniuliza, "Wewe umesoma. Wajua mtu akila yamini akaivunja, afanye nini?"

Nilijua, kila mtoto wa chuo ajua. Ni kafara: alishe masikini kumi, au awavishe, na kama hana uwezo afunge siku tatu.

"Siku tatu," alisema shangazi. "Nilijua tangu nina miaka kumi na mbili. Babangu alikuwa akiwajibu watu pale barazani kila wiki, mie nasikia ndani. Na Dhahabu alisimama mbele yangu, ananiuliza mimi, binti wa Maalim."

"Ukamjibuje?"

"Nikamwambia, yamini ni yamini. Umeila kwa ulimi wako."

Alikuwa na sababu, na alinipa zote. Kefa alikuwa amemweleza kwamba shauri litapelekwa kwa afisa wa kazi, na kwamba shauri haliwi hai bila mfanyakazi angalau mmoja aliyebaki nje kwa hiari yake. Waliofukuzwa hawahesabiki. Alitaka mmoja tu. Isitoshe, alikuwa na hasira na wale walioingia, na Dhahabu kumjia vile kulimpoza moyo.

"Sikusema uongo," akaniambia. "Yamini ni yamini, hakuna mwanachuoni atakayelikanusha neno hilo. Nusu ya pili ndiyo niliyoimeza. Uongo ungekuwa bora, maana ningejua nimetenda nini."

Shauri lilikwisha baada ya miezi miwili, bila faida. Wakati huo Dhahabu alikuwa ameshindwa kodi ya chumba akawachukua watoto wake kurudi Bofu, kwa mamake. Barke hakumfuata kumwambia sasa rudi. Kila alipotaka kwenda aliona itambidi aeleze kwa nini hakusema mwanzoni, akaahirisha.

Na hakukosa la kufanya. Chama kilimpa kazi ya kuwaandikisha wanawake, akazunguka Changamwe, Kisauni mpaka Likoni, kwenye viwanda vya matunda, kwa wafuaji nguo na kwa yaya wa majumba ya Nyali. Mara mbili alilala rumande. Yalipokuja magomvi ya Mwambao, ya kutaka pwani ijitenge, watu wa pwani na wa bara wakaanza kutishana, yeye alikwenda nyumba kwa nyumba kuwaambia wanawake wawazuie waume na ndugu zao. Watu wake wakamwita msaliti, na jiwe likatupwa dirishani mwetu. Alilokota vipande vya kioo, akafunga leso, akaenda kwenye mkutano wa jioni. Nilimwona kwa macho yangu, na nilijivunia sana.

Bofu hakwenda.

Mwaka 1960 Mueni alipata habari kwamba bohari yataka washonaji. Aliomba ruhusa, akavuka feri kumwita Dhahabu. Alirudi peke yake. Mwaka 1961 ni Mueni tena aliyekuja kumwambia shangazi kwamba Dhahabu, ambaye huko kwao alikuwa akivunja mawe kuwa kokoto za wajenzi, amerukiwa na kibanzi katika jicho la kushoto, na jicho halioni tena. Shangazi alimtumia doti ya leso na sukari. Alimpa Mueni apeleke.

Basi ikaja Desemba 1963. Kamati ya sherehe ya Changamwe ilitaka wafanyakazi waliopigania haki waketi jukwaani. Katibu alikuja nyumbani na orodha. Jina la kwanza lilikuwa la shangazi. La pili lilikuwa la Dhahabu wa Bofu, na mbele yake wameandika: mwanamke ambaye hakurudi.

"Huyu ndiye wa kuonyesha vijana," alisema katibu. "Wote walirudi, yeye akabaki na neno lake. Nenda wewe umwalike, Bi Barke. Mwajuana."

Alipoondoka, shangazi aliketi chini mkekani, akanisimulia yote haya.

"Nifuatane nawe kesho?" nikamuuliza.

"Nifuate. Nikiwa peke yangu nitageuka njiani."

Tulimkuta Dhahabu pembeni mwa njia, mbele ya nyumba ya mamake, kaketi juu ya gunia kati ya fungu la mawe na fungu la kokoto. Alikuwa na nyundo fupi, na alilishika kila jiwe kwa vidole akiliweka mbali na uso. Umri wake haukufika arobaini. Nilidhani ni mzee.

"Hodi hapa," alisema shangazi.

Dhahabu aligeuza kichwa chote, kuleta jicho zima. "Ni sauti ya Dada Barke! Shikamoo, dada."

"Marahaba, mdogo wangu. Hujambo?"

"Sijambo. Na huyu mwembamba ni nani? Ndiye yule wa vitabu? Karibuni, kaeni, pale pana jiwe halijavunjwa, laweza kuwa kiti." Akacheka. "Watoto wangu wameolewa wote wawili, mmoja Ng'ombeni, mmoja hapahapa. Leso zako zilifika. Nimezisikia sifa zako mpaka huku. Wasema ulimkemea mzungu wa polisi mpaka akavua kofia."

"Hakuvua kofia."

"Nami nimeshahadithia kwamba alivua. Sasa tufanyeje?"

Shangazi hakucheka. Alibaki amesimama, nikaona mikono yake inaikunja ncha ya buibui. Akamwambia habari ya jukwaa. Dhahabu alisikiliza, akapangusa vumbi mapajani.

"Jukwaani mimi? Kwa lipi?"

"Kwa sababu hukurudi."

"Basi nitakuja. Si kwa kujivuna. Mueni alipokuja kuniita nilikuwa na njaa, dada, njaa ya kweli, wala sikwenda. Mamangu alinitukana. Nikamwambia Margaret hajaingia, nami nina yamini. Laiti wangejua ilivyokuwa vigumu, wangeniweka jukwaani mara mbili."

"Dhahabu," alisema shangazi, "yamini ile ilikuwa na kafara."

"Ina nini?"

"Ina kafara. Ungelisha masikini kumi. Kama huna, ungefunga siku tatu, kisha ungeingia kazini siku ya nne, wala Mungu asingekudai kitu. Nilijua siku ile uliponiuliza. Sikukwambia."

Watu walipita na baiskeli, wakatoa salamu. Dhahabu alikuwa bado na jiwe mkononi.

"Siku tatu?"

"Siku tatu."

"Mimi nimelala na njaa siku ngapi, dada? Hesabu. Mwaka ule tu, hesabu, kisha unambie nimefunga mara ngapi pasi na kujua kwamba nafunga."

Shangazi alipiga magoti kwenye kokoto. Sijawahi kumwona akimpigia mtu magoti, wala sikumwona tena. "Nataka radhi kwako. Niseme nini unisamehe?"

"Simama, watu wapita."

"Nisamehe, Dhahabu."

"Radhi si kitu cha kutoa tu kwa sababu kimeombwa. Leo sina. Nikiwa nayo nitakupa." Akaweka jiwe mahali pake. "Na jukwaani siji. Nilidhani nimekaa kwa sababu ya neno langu. Kumbe nilikaa kwa sababu ya lako. Waambie hivyo."

"Nitawaambia."

"Basi sogea kidogo, dada, waniziba mwanga. Jicho ni moja."

Tulisogea. Nyundo ikaanza tena, na ilikuwa bado yasikika tulipofika penye njia kubwa.

Siku ya sherehe uwanja wa Changamwe ulijaa. Kulikuwa na ngoma za Wadigo na za Wajaluo, na bendera mpya mikononi mwa watoto. Shangazi alipoitwa, alikwenda kwenye kipaza sauti akasimama wima kama desturi yake. Mimi nilikuwa chini, miongoni mwa wanawake. Nilijua atasema nini.

"Kuna mwanamke alitakiwa aketi hapa leo," alisema. "Dhahabu wa Bofu."

Vigelegele vikaanza. Siku ile kila jina lililotajwa lilipigiwa vigelegele, na wengi walishaambiwa habari za Dhahabu.

"Hakuja kwa sababu yangu. Mimi nilimficha haki yake—"

Kwa kusikia neno haki, wanawake walizidi kupiga vigelegele. Ngoma moja ikaitikia. Niliona mdomo wa shangazi ukisema maneno, akisema tena, mkono wake ukiomba kimya, na watu wakidhani anawapungia, nao wakampungia. Katibu akamshika bega kwa heshima, akamrudisha kitini. Mgeni mwingine alikuwa ameshasimama.

Mueni alikuwa mbele kabisa, karibu na jukwaa. Yeye alisikia. Shangazi aliposhuka alimngoja pale penye ngazi.

"Nilivuka maji kwenda kumwita," alisema Mueni. "Akaniambia Barke kasema haiwezekani. Nikamwona mkaidi, nikamsema vibaya njia nzima."

"Nisamehe na wewe."

"Mimi hukunidhulumu. Mimi ulinicheka tu." Akaweka leso yake sawa, akaenda zake katikati ya watu.

Juma lililofuata shangazi aliamua kwamba, kama uwanja haukusikia, atawaambia mmoja mmoja. Alichukua majina ya wote walioapa uani mwa babu, wale waliokuwa bado hai na bado Changamwe. Alikwenda kwa miguu, mimi nyuma yake, siku nne.

Mlango wa kwanza ulikuwa wa yule aliyelia siku ya kuapa. Shangazi alimweleza, akajiandaa kutukanwa. Mwanamke akacheka mpaka akashika mbavu.

"Kafara? Ehee, Bi Barke, mie nilifunga siku tatu zilezile! Jumapili usiku mume wangu alikwenda kumuuliza imamu. Jumatatu nikaingia na saumu yangu."

Mwenye mlango wa pili alikuwa amemuuliza mamake. Wa tatu alimuuliza kadhi msaidizi aliyekuwa binamu yake. Mwingine alilisha masikini kumi kwa wali wa kukopa. Mwingine alikiri, kwa haya, kwamba alikwenda kwa babu yangu mwenyewe, barazani petu, babu akamjibu taratibu, naye akamwomba babu asimwambie bintiye kwamba alikuja. Wakristo wawili walikuwa wamekwenda kwa kasisi.

Siku ya nne hatukumaliza. Shangazi alisimama njiani, kati ya mlango mmoja na mwingine, karatasi ya majina mkononi. Nilidhani atasema twende. Akapitisha kidole kwenye majina, moja baada ya jingine.

"Kila mmoja alikwenda kuuliza," alisema. "Hakuna aliyekuja kwangu. Waliniogopa, au hawakuniamini, na wote walifanya vyema." Akaikunja karatasi. "Ni Dhahabu tu. Katika wote wale, ni yeye peke yake aliyekuja kuniuliza mimi."